Mwana Akiuliza: "Huyu Ndiye Mahdi?"

Wazazi wenzetu, riwaya ya *Dune* ya Frank Herbert, iliyotoka mwaka 1965, imekwisha kugeuzwa kitabu cha katuni na filamu mbili za Denis Villeneuve, za 2021 na 2024. Humo watu wa jangwani humwita kijana mgeni "Mahdi", na kitabuni "jihadi" ni umwagaji damu kwa jina lake. Hatusemi tuwazuilie watoto. Kisa chenyewe chaonya dhidi ya kumfuata kiongozi kibubusa. Bali tukae nao, tuwaeleze kuwa Mahdi aliyetajwa na Mtume (S.A.W.) si huyo wa kubuni, na kwamba jihadi na juhudi ni neno la asili moja. Tukinyamaza, filamu ndiyo itakayokuwa ustadhi wao.