Hardy Krüger, mwigizaji aliyelowea Momella

Ukitoka Sombetini, Arusha, ukakatiza mjini na kushika barabara ya Moshi hadi Usa River, kisha ukapinda kushoto kuufuata mlima Meru, unafika Momella. Huko alilowea kwa takriban miaka 13 Mjerumani Hardy Krüger, mmoja wa waigizaji waliodumu muda mrefu kwenye sinema za Ulaya na Marekani.

Alizaliwa Berlin mwaka 1928. Filamu yake ya kwanza, Junge Adler ya mwaka 1944, ilikuwa ya kuwapigia debe Wanazi, na hapohapo mwigizaji mkongwe Hans Söhnker akamfumbua macho kuhusu unyama wa Hitler. Mwaka 1945, akiwa na miaka 16, alipelekwa vitani na kikosi cha SS cha Wanazi. Kwa maelezo yake mwenyewe, alikataa kuwapiga risasi Wamarekani, akahukumiwa kifo, akaokolewa na afisa mmoja.

Jina lake lilivuka mipaka mwaka 1957, alipoigiza katika filamu ya Waingereza kama rubani wa Kijerumani aliyetoroka kifungoni.

Kisha ikaja Hatari! Mwishoni mwa 1960 mwongozaji Howard Hawks alitua Tanganyika na John Wayne, Elsa Martinelli na Krüger kutengeneza filamu ya wakamata wanyama wa bustani za maonyesho. Waigizaji wenyewe walipanda magari na kuwafukuza vifaru wa kweli, na ndovu wachanga wakatimua mbio katika mitaa ya Arusha. Inachangamsha mpaka leo, ila wenyeji wamewekwa pembeni mno, ajabu kwa filamu iliyoingia kumbini mwaka 1962, nchi ikiwa tayari huru.

Wenzake walifungasha. Yeye alinunua shamba, akajenga nyumba (leo ni Hatari Lodge), na mwaka 1970 akatoa kitabu kuhusu maisha hayo. Kazi haikusimama: Flight of the Phoenix ilitoka 1965, na baada ya kuondoka Momella, Barry Lyndon mwaka 1975.

Katika A Bridge Too Far ya 1977 alivaa tena sare za SS, safari hii kama jenerali. Inasimuliwa kwamba kamera zilipozimwa alizifunika sare hizo kwa koti. Uzeeni alizunguka shuleni Ujerumani kuwatahadharisha vijana dhidi ya Unazi mamboleo. Alifariki California Januari 19, 2022, akiwa na miaka 93.