Mkate wa Njia: Kanuni za Mapishi ya Kubuni katika Kazi za Tolkien

1.0 Utangulizi

Mhakiki akutanapo na chakula katika kazi ya fantasia, aghalabu hukipita. Hukihesabu kuwa pambo la mandhari, sawa na mavazi ya ajabu au majina mageni. Makala haya yanapinga mtazamo huo. Dai letu ni kwamba mapishi ya kubuni huaminika pale yanapotawaliwa na kanuni za kijamii: nani hupika, nani ana haki ya kutoa, nani hula, na katika hali gani. Pasipo kanuni hizo, rangi na ladha hazitoshi kuyafanya mapishi kuwa ya jamii fulani.

Mfano wetu ni kazi za J. R. R. Tolkien (1892–1973), mwanafilolojia Mwingereza aliyefundisha katika Chuo Kikuu cha Oxford. Tutarejelea The Hobbit (1937), The Lord of the Rings (1954–1955) na The Silmarillion, iliyochapishwa mwaka 1977 baada ya kifo chake.

2.0 Chakula cha Wahobiti

Wahobiti ni watu wafupi wa mashambani ambao, wapatapo, hula milo sita kwa siku. Chakula chao hakina uchawi wowote: ni mikate, jibini, uyoga, keki na bia. Kazi ya chakula hiki ni kuwa kipimo. Msomaji hukitambua, na kwa kukitambua hupata pa kusimama kabla hajaingizwa katika nchi ngeni.

Tolkien hakukichukulia kuwa jambo dogo. Katika toleo la kwanza la The Hobbit, Gandalf anaagiza kuku baridi na nyanya. Katika toleo lililosahihishwa la mwaka 1966, nyanya zimeondolewa na mahali pake pamewekwa achari. Badiliko hilo linaeleweka tukikumbuka kwamba asili ya nyanya ni bara la Amerika, ilhali ulimwengu huu wa kubuni una sura ya Ulaya ya kale. Hata hivyo, viazi, ambavyo asili yake ni huko huko Amerika, vilibaki: Sam anavitamani anapopika sungura safarini. Basi kanuni ya mimea haikufuatwa kikamilifu, na bado mapishi hayo yanaaminika. Ni dhahiri kwamba nguvu yake inatoka kwingine.

3.0 Lembas na Kanuni Zake

Nguvu hiyo huonekana wazi zaidi katika lembas, mkate wa safari wa Waelfi, watu wasiokufa kwa uzee. Kwa umbo ni mkate mwembamba wa unga, wa rangi ya kahawia kwa nje na ya malai kwa ndani. Ukiachwa mzima ndani ya majani yake, hukaa siku nyingi bila kuharibika. Gimli, mmoja wa wasafiri, anadhani kwanza kuwa ni cram, mkate mkavu wa wanadamu unaochosha taya. Anaula wote, na Waelfi wanacheka: amekwisha kula chakula cha mwendo wa siku nzima.

Maelezo hayo ni ya umbo tu. Lililo muhimu zaidi ni desturi. Katika The Silmarillion tunaelezwa kwamba kuutunza na kuutoa mkate huu ni haki ya malkia peke yake. Melian anapompa Beleg, kifungashio kina muhuri wake. Na Beleg kuruhusiwa kumgawia Túrin, ambaye ni mwanadamu, ni heshima kubwa mno. Hivyo anayeula hapokei chakula tu, bali hupokea pia dhamana ya aliyeutoa.

Kanuni ya pili inamhusu mlaji. Gollum, kiumbe aliyeharibiwa na uovu, hawezi kuumeza, unamkaba. Kwa Frodo na Sam, walio katika nchi ya adui, hauridhishi hamu ya tumbo, lakini huipa nia uwezo wa kustahimili, na nguvu yake huzidi kadiri wanavyoutegemea peke yake. Kwa hiyo mkate mmoja unabainisha uhusiano wa mtoaji, mpokeaji na asiyestahili, bila mwandishi kuhitaji kuhubiri.

4.0 Ulinganisho: Mkate wa Liyongo

Msomaji wa fasihi ya Kiswahili si mgeni wa mkate wenye kazi ya namna hii. Katika Utenzi wa Fumo Liyongo, uliotungwa na Muhammad Kijumwa mwaka 1913, shujaa yumo kifungoni na walinzi wanamnyang'anya vyakula vizuri anavyoletewa. Mama yake anaoka mkate wa wishwa na kuficha tupa ndani. Walinzi wanaudharau, wanamwachia mfungwa, naye anakata minyororo.

Mkate huu si wa kubuni kwa maana ya lembas. Wishwa ni wishwa. Lakini kanuni ni ile ile, ila imepinduliwa. Lembas humwokoa msafiri kwa sababu umeheshimiwa. Mkate wa Liyongo humwokoa mfungwa kwa sababu umedharauliwa. Kote kuwili, asiyejua thamani ya mkate ndiye anayeshindwa. Hadhira ambayo haijui kuwa wishwa ni chakula cha chini haiwezi kuielewa hila ya mama.

5.0 Hitimisho

Yaliyoelezwa hapa yana athari kwa mfasiri. Tolkien aliliunda jina lembas kutokana na maneno mawili ya lugha aliyoibuni, lenye maana ya "mkate wa safari". Neno masurufu linavutia, lakini linachukua hata fedha za njiani, na mkate unapotea. Tunapendekeza mkate wa njia, kwa kuwa neno mkate katika Kiswahili ni pana: kuna mkate wa mofa, wa kumimina na wa sinia.

Athari ya pili ni kwa mwandishi wa Kiswahili anayetaka kubuni ulimwengu wake. Asianze kwa kutafuta matunda yenye rangi zisizopata kuonekana. Aanze kwa kuuliza ni nani katika nchi hiyo mwenye haki ya kukata mkate, na ni nani hupewa makombo.