Neno "Shoga" na Nadharia za Jinsia: Suala la Tafsiri katika Utafiti wa Pemba

Makala haya yanachunguza tatizo la kimsamiati linalomkabili mtafiti achukuaye nadharia ya ufeministi, au ile ya kwia inayohoji mipaka iliyozoeleka ya jinsia na matamanio, akaitumia katika jamii ya Waswahili. Tatizo lenyewe limo katika neno shoga.

Tuchukulie kwamba mtafiti amerekodi mazungumzo ya wanawake wawili huko Mgogoni, kaskazini mwa Pemba, na mmoja akamwita mwenzake "shoga yangu". Kwa mwenyeji hapana la kustaajabisha: huyo ni rafiki na msiri wake, mtu wa kwenda naye arusini na matangani. Lakini neno hilohilo humtaja pia mwanamume anayehusishwa na mapenzi ya jinsia moja, na kwa wasemaji wengi wa bara maana hiyo ndiyo itanguliayo. Makala ya Deborah Amory ya 1998 kuhusu pwani ya Afrika Mashariki ilishughulikia hasa maana hii ya pili. Msomaji aliyeanzia hapo aweza kuyabebesha mazungumzo ya Mgogoni jambo ambalo wasemaji hawakulikusudia.

Matumizi yenyewe hutoa msaada. Shoga wa urafiki ni neno la uhusiano, kama somo au wifi: kwa kawaida huandamana na kimilikishi, au hutumika kuitia, tena huenda pande zote mbili. Aitwaye shoga naye hujibu shoga. Katika maana ya pili, neno humweka mtu katika kundi. Husemwa juu yake, aghalabu naye hayupo. Mpaka huu si ukuta, kwani utani na kejeli huuvuka.

Judith Butler alidai mwaka 1990 kwamba jinsia hujengwa na matendo yanayorudiwarudiwa. Kiswahili kina ushahidi wake katika hili, nao haumo katika viwakilishi, ambako wahakiki wa Kiingereza wamezoea kuutafuta. Yeye hakibagui mume na mke. Kitenzi ndicho kinachobagua. Mwanamume huoa, mwanamke huolewa, na mwanamume akisemwa kuwa "ameolewa" amekwisha kutukanwa.

Suala hili si la kamusi tu. Marekebisho ya sheria ya jinai ya Zanzibar ya mwaka 2004 yalifanya mahusiano ya kimwili baina ya wanawake kuwa kosa. Kijijini, hata majina yakifichwa, jirani humtambua msemaji kwa maneno yake. Tafsiri moja ya pupa yaweza kumtia mwanamke katika shuka asiyostahili. Kwa upande wa pili, mtafiti afutaye maana ya pili kila mahali kwa kisingizio cha heshima huwafuta watu waliopo.

Kwa hiyo neno liachwe kama lilivyotamkwa, na ionyeshwe nani kamwambia nani, na kwa kimilikishi gani. Saida Yahya-Othman, alipochunguza majina ya kanga mwaka 1997, aliyasoma kama sauti ya wanawake katika jamii yao wenyewe. Njia hiyo bado haijatumiwa ipasavyo kwa maneno ya kuitana.