Maji Yang'aayo Yaweza Kuua

Ndugu, ukimwuliza mtu hapa Baraka kama maji ya kisima chake ni mazuri, atateka ndoo na kukuambia, "Tazama, yanang'aa." Lakini kung'aa si usalama. Vijidudu vya kipindupindu na vya homa ya tumbo ni vidogo mno. Macho hayavioni, wala ulimi hauvionji.

Mwaka 1854, katika mji wa London, watu wa mtaa mmoja walisifu maji ya kisima chao. Mjane mmoja aliyehamia mbali aliletewa maji hayo kwa chupa, maana aliyapenda. Akayanywa, akafa kwa kipindupindu. Pamoja naye walikufa watu zaidi ya 600. Baadaye ilionekana kwamba shimo la uchafu la nyumba ya jirani lilikuwa likivuja karibu na kisima kile.

Kwetu ufuoni mwa ziwa Tanganyika, kipindupindu kimekuwa kikirudi tangu miaka ya 1970. Basi usiyatazame maji tu; tazama na mahali kisima kilipo. Jiulize hivi:

1. Je, choo kiko karibu, chini ya meta 30, au kiko upande wa juu wa mteremko? Uchafu wake hupita ndani ya udongo hata kisimani.

2. Je, mdomo wa kisima hauna ukuta wala mfuniko?

3. Je, kamba na ndoo hulala chini, kuku na watoto wanapopita?

4. Je, mvua ikinyesha, maji hugeuka rangi au harufu? Ni dalili kwamba maji ya juu yanaingia.

5. Je, mafuriko yamekifikia, kama ziwa lilipopanda mwaka 2024?

6. Je, watu wa nyumba mbalimbali zinazoteka hapo wanahara wakati mmoja?

Ukijibu "ndiyo" hata mara moja, usinywe maji hayo bila kuyachemsha. Yaache yatokote dakika moja nzima, kisha yaweke katika chombo safi chenye mfuniko. Kuhamisha choo ni kazi ya siku nyingi. Kutundika kamba na kufunika kisima ni kazi ya leo.

Na mtu akihara maji meupe kama ya kuoshea mchele, usingoje kesho. Mnyweshe mara kwa mara, umpeleke hospitali upesi. Kipindupindu chaweza kuua kwa saa chache, lakini anayetibiwa mapema hupona.