Dawa ya Homa kwa Mtoto Mchanga

Katika nyumba nyingi za Wakristo imo chupa moja ya dawa tamu ya maji, ambayo huteremshwa kila mtoto apatapo moto mwilini au aliapo usiku. Jina lake ni parasetamoli. Dawa hii ni njema, wala hatutaki mtu aiogope. Lakini twataka aijue, maana ikizidi kipimo chake huharibu ini, na madhara hayo huenda yasionekane wazi ila baada ya siku moja au mbili.

Kwanza umri. Mtoto aliye chini ya miezi mitatu akipata homa ya digrii 38 au zaidi, asipewe dawa ya nyumbani na kulazwa. Apelekwe hospitali mara hiyo, hata ikiwa ni usiku. Mwili mchanga namna hiyo hauonyeshi wazi ugonjwa wake, na pengine homa ndiyo dalili pekee ya ugonjwa mkubwa. Mama akiishusha na kutulia, amejifungia mlango wa kuonywa.

Kwa mtoto aliyepita umri huo, kipimo hufuata uzito wake, wala si ukubwa wa kilio chake. Kwa kila kilo moja ni miligramu 10 hata 15; baina ya kipimo na kipimo zipite saa 4 hata 6, wala visizidi vipimo vinne kwa usiku na mchana. Uzito umeandikwa katika kadi ya kliniki. Tuseme mtoto ana kilo 6: yampasa miligramu 60 hata 90. Ikiwa chupa imeandikwa kwamba kila mililita 5 zina miligramu 120, basi mililita 2 na nusu zatosha.

Lakini chupa zote si sawa. Ziko dawa za matone ambazo mililita moja tu ina miligramu 100. Mama akitoa mililita 2 na nusu za dawa hiyo, mtoto yule yule amekwisha kumeza miligramu 250, zaidi ya mara nne ya zile 60. Kwa ajili ya makosa ya namna hii, mwaka 2011 watengenezaji wa Marekani walikubali kuacha matone yale makali, watoto wote wapewe dawa ya nguvu moja.

Hapa twawasihi walimu. Jirani zenu wengi huwaletea chupa mwasomee, kwa kuwa maandishi ni madogo, tena ni ya Kiingereza. Msisome jina tu. Someni ile hesabu, na tarehe ya mwisho. Tena tazameni kama dawa ya mafua waliyopewa ina parasetamoli ndani yake, maana mtoto hupewa zote mbili, na mama hajui ya kuwa amempa dawa moja mara mbili. Kijiko cha chai cha nyumbani nacho si kipimo. Kimoja ni kirefu, kingine kifupi. Duka la dawa lina kibomba kidogo cha plastiki kisicho na sindano, chenye mistari ya mililita. Hicho ndicho.

Aspirini wasipewe watoto kabisa ila kwa amri ya daktari. Bibi zetu waliitumia bila hofu. Lakini mwaka 1963 daktari Reye wa Australia alieleza ugonjwa mbaya wa ubongo na ini kwa watoto, na baadaye ikaonekana kwamba aspirini huandamana nao.

Liko jambo la degedege. Wako wanaodhani ni ndege au pepo, na kwamba mtoto akichomwa sindano atakufa. Kwa hiyo humfukiza moshi kwanza, na saa zapita. Hayo yamewapoteza watoto wengi. Degedege yaweza kuletwa na malaria kali iliyofika ubongoni, na tiba yake ni hospitalini. Wala parasetamoli haizuii degedege, wala haiui malaria. Hupunguza moto na maumivu tu. Kwa hiyo mtoto wa nchi yenye mbu akiwa na homa, apimwe damu, hata kama dawa imemchangamsha. Na akikataa ziwa, akitapika kila kitu, akipumua kwa shida, au akilegea asiamke vizuri, msingojee dawa ifanye kazi.

Mama aendapo zahanati, achukue ile chupa mkononi pamoja na kadi ya kliniki, na karatasi iliyoandikwa saa ya kila kipimo alichotoa na mililita zake. Kama hawezi kuandika, mtoto wake wa shule ataandika.