Karatasi Iliyokunjwa Ndani ya Kopo: Chujio la Oili, Moshi na Gharama za Lori

Oili ya injini ya dizeli hufanya kazi nne kwa wakati mmoja: hulainisha vyuma vinavyosuguana, hupoza pistoni, huziba nafasi nyembamba kati ya ringi na ukuta wa silinda, na hubeba uchafu unaozaliwa ndani ya injini yenyewe. Kazi hii ya nne husahaulika, ingawa ndiyo inayoamua kama zile tatu zitafanyika vizuri, kwa sababu oili iliyobeba uchafu bila kuwa na pa kuutua hugeuka msasa wa majimaji, unaosukumwa na pampu kupita katika kila beringi, tena na tena, kwa saa zote ambazo lori liko njiani. Pa kuutua ni kwenye chujio la oili, ambalo mafundi wengi wa Tanzania na Kenya huliita filta: kopo la bati lenye karatasi iliyokunjwakunjwa, ambalo bei yake ni sehemu ndogo ya bei ya oili inayomiminwa katika injini moja ya lori kubwa, achilia mbali bei ya injini yenyewe.

Ili kuelewa kinachochujwa, ni lazima kwanza kuzoea kipimo kiitwacho maikromita, yaani sehemu moja ya elfu ya milimita. Unywele wa binadamu una unene wa takriban maikromita 70, na jicho lenye afya, bila kusaidiwa na lenzi, haliwezi kutambua chembe iliyo chini ya maikromita 40 hivi. Utando wa oili unaotenganisha krenki na beringi zake injini inapofanya kazi ni mwembamba zaidi ya hapo, kwani mara nyingi haufiki maikromita 20, na mahali penye mzigo mkubwa huwa ni maikromita chache tu. Hapo ndipo ubaya wa chembe unapopimwa, maana chembe kubwa kuliko nafasi hiyo haiwezi kuingia, na iliyo ndogo mno hupita na oili bila kugusa pande zote mbili, lakini ile inayolingana na unene wa utando hubanwa kati ya vyuma viwili na kuvikwaruza vyote. Kwa maneno mengine, uchafu unaoiua injini ni ule usioonekana, na fundi anayechovya kidole katika oili na kukisugua dhidi ya kidole gumba ili kujua kama ni safi anapima kitu kingine kabisa.

Chembe hizo hutoka katika asili tatu. Ya kwanza ni vumbi la barabara, ambalo sehemu yake kubwa ni madini ya kwatsi, yenye ugumu wa 7 katika kipimo cha Mohs na hivyo uwezo wa kukwaruza vyuma vingi vya kawaida. Ya pili ni vyuma vya injini yenyewe, kwa kuwa kila mkwaruzo huzaa vipande vipya ambavyo navyo huenda kukwaruza kwingine, na uchakavu ukishaanza hujilisha wenyewe. Ya tatu ni masizi ya mwako, ambayo yana tabia ya pekee na yatazungumziwa mbele.

Uhusiano kati ya uchujaji na uchakavu umepimwa kwa namba. Mwaka 1988, SAE, chama cha wahandisi wa magari chenye makao yake Marekani, kilichapisha utafiti uliotoka katika kampuni ya General Motors, ambao ulilinganisha machujio ya viwango mbalimbali katika injini za petroli na za dizeli. Chujio la maikromita 40 lilipochukuliwa kuwa kigezo, chujio la maikromita 30 lilipunguza uchakavu kwa nusu, na la maikromita 15 likaupunguza kwa asilimia 70. Matokeo hayo yanastahili kutafakariwa na kila mmiliki wa lori, kwa sababu tofauti iliyopo kati ya machujio hayo matatu haionekani kwa macho. Yakiwekwa juu ya kaunta ya duka, yote ni makopo yenye rangi na nembo.

Hata hivyo, kusema kwamba chujio fulani ni la maikromita 15 hakutoshi, na hapa ndipo wanunuzi wengi hupotoshwa. Swali la kweli ni hili: kati ya chembe mia za ukubwa huo zinazofika kwenye karatasi, ni ngapi zinazozuiwa? Wahandisi hulijibu kwa uwiano wa Beta, ambao ni idadi ya chembe zilizo mbele ya chujio ikigawanywa kwa idadi ya zile zilizofanikiwa kupenya. Chembe milioni moja zikifika kwenye chujio lenye Beta ya 2, nusu milioni hupenya. Zikifika kwenye lenye Beta ya 75, hupenya takriban 13,000. Na kwenye lenye Beta ya 1,000, hupenya 1,000 tu. Yakiandikwa kwa asilimia, machujio haya mawili ya mwisho yana ufanisi wa 98.7 na 99.9, tofauti ambayo msomaji wa haraka angeipuuza, ilhali la kwanza linapitisha uchafu zaidi ya mara kumi na tatu ya la pili. Upimaji wenyewe huongozwa na kiwango cha kimataifa cha ISO 4548-12, ambapo oili yenye vumbi maalumu, linalotokana na mchanga wa jangwa la Arizona, huzungushwa kupitia chujio mara nyingi huku chembe zikihesabiwa pande zote mbili. Mtengenezaji aliyepima bidhaa yake kwa njia hiyo huwa na namba za kuonyesha, na asiye nazo huwa na neno "bora" lililoandikwa kwenye boksi.

Ingekuwa rahisi kuhitimisha kwamba karatasi yenye matundu madogo zaidi ndiyo bora siku zote, lakini mambo hayako hivyo. Karatasi ya selulosi yenye matundu madogo huziba mapema, na chujio lililoziba halizuii tena uchafu, bali huuruhusu, kutokana na kifaa kidogo kiitwacho valvu ya dharura, ambacho hufunguka pindi shinikizo mbele ya karatasi linapozidi kiasi kilichopangwa. Valvu hiyo imewekwa kwa busara, kwani injini iliyokosa oili hufa kwa dakika chache, wakati injini yenye oili chafu hufa kwa miezi. Lakini inapofunguka, oili hupita pembeni ya karatasi bila kuchujwa hata kidogo, na katika injini nyingi hakuna taa wala mlio wa kumjulisha dereva. Kwa hiyo chujio zuri hupimwa kwa mambo mawili kwa pamoja, yaani udogo wa chembe linazozizuia na wingi wa uchafu linaoweza kuuhifadhi kabla ya kuziba, na ndiyo maana machujio ya gharama ya juu huchanganya selulosi na nyuzi za kioo au za plastiki, ambazo kwa wembamba wake huacha nafasi nyingi za oili kupita huku zikinasa chembe ndogo zaidi. Watengenezaji wengine wa malori wamegawanya kazi hiyo: injini nyingi za Volvo huwa na machujio mawili ya oili yote na la tatu linalosafisha polepole sehemu ndogo ya oili kwa kiwango cha juu zaidi, na Scania hutumia kisafishio kinachozunguka kwa kasi kubwa, ambacho hutupa uchafu ukutani kwa nguvu ya mzunguko, ukaganda humo kama lami.

Kuhusu moshi, inafaa kusema ukweli ulio wazi, kwa kuwa madai ya kibiashara yamekuwa mengi. Chujio la oili halichuji moshi. Wala haliondoi masizi mengi yaliyomo ndani ya oili, kwa kuwa punje moja ya masizi ina ukubwa wa makumi ya nanomita, yaani ndogo mara mamia kuliko tundu la karatasi, na kemikali zilizomo katika oili huzizuia punje hizo zisishikane. Moshi mweusi ni dalili ya dizeli isiyoungua vizuri, na dawa yake iko kwenye nozeli, turbo na chujio la hewa. Chujio la oili linahusika zaidi na moshi wa buluu, ambao ni oili inayoungua, na linahusika kwa njia ndefu: ringi na silinda zikikwaruzwa, gesi za mwako hupenya kushuka kwenye sampu, yaani bakuli la oili lililo chini ya injini, na oili hupenya kupanda kwenye chumba cha mwako, mgandamizo hupungua, na injini huhitaji dizeli zaidi ili ifanye kazi ileile.

Njia hiyo ni ndefu, lakini mwisho wake si mdogo. Kwa mfano wa hesabu, lori linalotembea kilomita 100,000 kwa mwaka na kunywa lita 40 za dizeli kwa kila kilomita 100 hutumia lita 40,000. Na kwa kuwa kila lita ya dizeli ikiungua hutoa takriban kilo 2.7 za hewa ukaa, uchakavu unaoongeza matumizi kwa asilimia moja tu humaanisha lita 400 zilizopotea na zaidi ya tani moja ya hewa ukaa. Lori hilohilo likiwa na injini nzima, inayokula oili kiasi cha asilimia 0.1 ya dizeli yake, huunguza lita 40 za oili kwa mwaka. Ringi zikichakaa na kiasi hicho kikafika asilimia 0.5, oili inayoungua huwa lita 200, ambazo mmiliki amezilipia na ambazo watu wanaoishi kando ya barabara huzivuta puani. Mwaka 2012 wakala wa utafiti wa saratani wa Shirika la Afya Duniani uliuweka moshi wa dizeli katika kundi la vitu vinavyothibitika kusababisha saratani kwa binadamu, uamuzi unaowahusu moja kwa moja mama ntilie, mafundi na watoto wa vituo vya malori kama Mariakani, Malaba, Chalinze na Tunduma. Katika malori mapya yenye kichujio cha masizi kwenye bomba la moshi, oili inayoungua huleta hasara nyingine, kwani madini yaliyomo ndani yake, kama kalisi na zinki, huacha majivu yasiyoungua tena, ambayo huziba kichujio hicho chenye bei kubwa.

Barabara za Afrika Mashariki huufanya mzigo huu uwe mzito zaidi. Lori linalotoka Mombasa huanza usawa wa bahari na kupanda hadi zaidi ya mita 1,600 linapofika Nairobi, kisha hupita Timboroa, juu ya mita 2,700, kabla ya kushuka kuelekea mpaka wa Uganda. Na lile linaloelekea Zambia kutoka Dar es Salaam hukabiliwa na Mlima Kitonga mkoani Iringa, ambapo injini huvuta kwa gia ndogo kwa muda mrefu, oili ikipata moto huku upepo wa kuipoza ukiwa haba. Penye ujenzi, magari huchepushwa katika njia za vumbi, na hapo chujio la hewa lililochanika, au bomba lake lililolegea, huingiza mchanga mwingi kuliko chujio lolote la oili linavyoweza kumudu. Ni kazi bure kununua chujio bora la oili na kuliacha la hewa likipigwapigwa chini na kurudishwa. Januari 2015 kiwango cha juu cha salfa katika dizeli ya Jumuiya ya Afrika Mashariki kilishushwa hadi sehemu 50 kwa kila milioni, hatua iliyopunguza asidi inayozaliwa ndani ya oili, lakini asidi iliyobaki haichujwi na karatasi, na kwa hiyo chujio jipya haliwezi kuwa kisingizio cha kuacha oili ilale kwenye injini kupita muda wake.

Katika maduka ya spea ya Gerezani jijini Dar es Salaam, au ya barabara ya Kirinyaga jijini Nairobi, swali linaloulizwa kwanza ni kama chujio "linaingia", yaani kama nyuzi zake za kufungia zinalingana na za injini. Nyuzi zinaweza kulingana na kila kitu kingine kikatofautiana: shinikizo la kufungua valvu, urefu wa karatasi, na ubora wa mpira unaozuia oili kurudi kwenye sampu injini inapozimwa, ambao ukiwa duni hukakamaa kwa joto, na kila asubuhi injini huanza kuzunguka sekunde kadhaa bila oili kwenye beringi. Namba ya kipuri iliyo kwenye kitabu cha mtengenezaji wa lori ndiyo ya kufuatwa, na risiti ya muuzaji anayejulikana ina thamani kuliko nembo iliyochapwa vizuri, kwa kuwa waghushi huchapa nembo kwa ustadi mkubwa kuliko wanavyokunja karatasi.

Ushahidi wa mwisho upo ndani ya kopo. Chujio lililotumika likikatwa shingoni kwa kikatio cha mviringo, ambacho hakimwagi unga wa chuma kama msumeno, mikunjo yake inaweza kutandazwa juu ya gazeti na kusomwa. Katika chujio la kweli mikunjo hukaa kwa nafasi sawa, imeshikwa na gundi pande zote, na bomba la katikati limesimama wima. Katika lile bandia mikunjo ni michache, imelaliana kama nguo zilizorundikwa, na pengine ukingo wake umeachia gundi, hivyo oili ilikuwa ikipita kando kwa maelfu ya kilomita. Sumaku ikipitishwa juu ya karatasi, vumbi jeusi linaloinuka ni chuma cha silinda, ringi au kamshafti, na chembe zinazometameta za rangi ya shaba zisizovutwa na sumaku ni dalili kwamba beringi zimeanza kuliwa. Kampuni yenye malori kumi inayofanya hivi kila inapomwaga oili, na kuandika daftarini lita za oili zilizoongezwa kati ya huduma mbili, huijua injini inayoelekea kunoki wiki nyingi kabla haijaegeshwa kando ya barabara ikiwa na shehena ya mtu.

Kopo lenyewe bado lina oili ndani yake. Shirika la mazingira la Marekani, EPA, hutaka chujio lichuruzishwe likiwa la moto, kwa mfano baada ya kutobolewa, na hupendekeza liachwe hivyo kwa saa 12, kabla chuma chake hakijapelekwa kuyeyushwa. Katika gereji nyingi za Afrika Mashariki oili chafu tayari ina wanunuzi wake, kwa kuwa hupakwa kwenye mbao na nguzo ili kuzuia mchwa, na bati lina soko lake kwa wanunuzi wa chuma chakavu. Kinachohitajika kati ya hayo mawili ni pipa lenye wavu juu yake na usiku mmoja wa kuyaacha makopo yakidondosha, badala ya kuyatupa mtaroni yangali yamejaa.