Miche 871 ya ndugu yako

Shamba la chai lililopandwa vizuri huacha futi 4 kati ya mstari na mstari, na futi 2.5 kati ya mche na mche. Kila mche basi una futi 10 za mraba, na eka moja, ambayo ni futi 43,560 za mraba, huchukua miche 4,356. Wakulima wa Nyansiongo wanazijua hesabu hizo.

Tuligeuze swali. Tuseme umeambiwa tu kwamba nafasi ya mche ni futi 10 za mraba, na kwamba pande zake zina uwiano wa 5 kwa 8. Utazipataje futi 2.5 na futi 4?

Swali la namna hiyo huzuka kila mzee anapomkatia mwanawe shamba. Hatimiliki hutaja ukubwa wa ardhi, tena kwa hekta, lakini haitaji urefu wa pande. Nyumbani nako watu wameshakubaliana juu ya umbo: upande mfupi uguse barabara, ule mrefu uteremke kuelekea mtoni, ili kijana apate njia na maji. Kinachobaki ni kujua vigingi vitachomekwa wapi.

Hapo ndipo wengi hukosea, na kosa lenyewe lina chanzo chake. Tumezoea kugawana faida. Wawili wakigawana kwa uwiano wa 2 kwa 3, tunajumlisha, tunapata mafungu 5, tunagawanya. Kwa hiyo tukipewa eka moja yenye pande za 2 kwa 3, mkono unakimbilia 5 wenyewe.

Chukua kijiti uchore mstatili chini, kwenye udongo. Gawa upande mfupi sehemu 2 na mrefu sehemu 3, zote za urefu mmoja, kisha piga mistari kutoka upande hadi upande. Hesabu vyumba vilivyotokea. Ni 6, na kila kimoja ni mraba kamili. Uwiano ni wa pande, lakini eneo ni la vyumba, na vyumba hupatikana kwa kuzidisha. Gawanya 43,560 kwa 6, upate 7,260, ambalo ni eneo la chumba kimoja. Kipeuo chake cha pili ni 85.2, yaani urefu wa upande wa chumba. Upande mfupi una vyumba 2, hivyo ni futi 170.4, mrefu una vyumba 3, ni futi 255.6.

Aliyegawanya kwa 5 atapata futi 186.7 kwa 280. Kwa macho, tofauti haishtui. Lakini shamba hilo limezidi eka kwa futi 8,712 za mraba. Kwenye chai hiyo ni miche 871, na yote imesimama upande wa ndugu yake. Kesi za mipaka zimeanza kwa madogo kuliko hayo.

Mche wetu nao unatii kanuni ileile: 5 mara 8 ni 40, 10 gawanya kwa 40 ni 0.25, kipeuo chake ni 0.5. Mara 5 ni 2.5, mara 8 ni 4.

Ukienda mjini kununua ploti ya hamsini kwa mia, utaambiwa ni thumuni ya eka. Si kweli kamili. Thumuni ni futi 5,445 za mraba, na 50 kwa 100 ni 5,000 tu. Thumuni halisi yenye uwiano huo ingekuwa futi 52.2 kwa 104.4. Anayelipa bei ya thumuni ana haki ya kuuliza futi 445 za mraba zimekwenda wapi.

Umbo pia lina gharama. Eka ya mraba huzungushiwa ua wa mita 254. Eka yenye pande za 1 kwa 4 huhitaji mita 318. Ukubwa ni uleule, ila nguzo na waya vimeongezeka kwa robo nzima.

Halafu kuna mteremko. Ramani hupima ardhi kana kwamba imelala sawa, na vilima vyetu havijalala. Futi 100 za futikamba iliyolazwa kwenye mteremko wa digrii 15 ni futi 96.6 tu kwenye ramani. Ndiyo maana soroveya anayeteremka na futikamba huishika ikiwa imenyooka sawa hewani, akaangusha timazi kutoka ncha ya chini, na kigingi kikachomekwa pale timazi ilipogusa udongo.